Usafi wa Malalo

Miongoni mwa mambo wayalalamikayo wafugaji wa mbwa, kuliko hata kubweka kwa usiku wa manane na kutafunwa kwa viatu, la kwanza ni haja ya kilebu kukutwa mahali isipostahili kuwapo: juu ya zulia la ukumbini, chini ya meza ya chakula, au kwenye ncha ya mkeka uliotandikwa kwa ajili ya wageni. Malalamiko hayo yana haki yake, kwani mkojo wa mbwa una harufu kali, na nyumba ya mtu ni staha yake. Lakini mengi yamejengwa juu ya dhana isiyo kweli, ya kwamba mtoto wa mbwa huzaliwa mchafu, na kwamba kazi ya mwenye nyumba ni kumtia usafi asiokuwa nao, kwa ukali ikibidi. Mimi naamini kinyume chake. Kilebu huingia nyumbani mwetu na usafi wake tayari, mdogo na mwembamba, lakini wa kweli. Asichokuwa nacho ni habari ya wapi mipaka yake imehamia.

Na tumtazame tangu siku azaliwayo. Huja duniani macho yamefumba na masikio yameziba; macho hufumbuka katika juma la pili, masikio hufuata baadaye kidogo, na katika muda huo wote hana uwezo wa kutoa haja kwa hiari yake. Mama yake humpindua kwa pua, akamlamba tumbo na chini ya mkia, na mguso ule wa ulimi ndio unaofungua njia; kisha kile kitokacho mama hukilamba na kukimeza, hata malalo yao, yawe ya majani makavu, ya magunia au ya mchanga mtupu, hukaa makavu na bila ya harufu, ijapokuwa wamo humo watoto sita au saba wanaonyonya usiku na mchana. Watu huona kinyaa kuitaja kazi hiyo. Mimi naihesabu kuwa ni mojawapo ya huduma za kuheshimika sana katika maisha ya wanyama, kwa sababu hutendwa bila ya kupumzika na bila ya shahidi, na kwa sababu ndiyo asili ya yote yatakayofuata.

Yapata juma la tatu mwili hujiweza kutoa haja bila ya kuguswa, na miguu hupata nguvu kidogo. Aliyepata kuchutama kimya karibu na banda la kuku, au nyuma ya jiko la uani ambako mbwa jike amezaa, huenda aliliona jambo hili: kilebu anaamka katikati ya lundo la ndugu zake, anapepesuka, anawakanyaga vichwa, anajiburura hadi ukingo wa gunia, na huko, miguu ya nyuma ikimtetemeka, anachutama hatua moja tu nje ya malalo, akiisha hujikokota kurudi kule kule kwenye joto. Hakuna aliyemwonyesha fimbo. Miguu yenyewe haijamzoea bado, na safari yake ya kwanza ya hiari hapa duniani ni ya kuutenga uchafu na mahali alalapo.

Baada ya hapo nyayo zake nazo huanza kujifunza. John Paul Scott na John Fuller, wataalamu wa Kimarekani waliolea mamia ya mbwa katika maabara ya Jackson huko Bar Harbor, jimbo la Maine, na kuutangaza utafiti wao kwa kitabu mwaka 1965, walionyesha kwamba majuma yaliyo baina ya la tatu na la kumi na mbili ndiyo yanayomjenga mbwa kwa kiasi kikubwa katika maisha yake pamoja na wenziwe na watu. Na mazoea ya haja hukaa katika muda huo huo. Aliyelelewa juu ya mchanga atatafuta mchanga, aliyelelewa juu ya majani atatafuta majani, na aliyefungiwa juu ya saruji tupu atajisaidia juu ya saruji bila ya kusita, na sakafu ya sebule kwake haina tofauti na ile aliyoizoea. Huyu wa mwisho ndiye anayenihuzunisha. Wako wauzaji wanaowaweka vilebu katika vizimba vya waya kandokando ya barabara za miji yetu, wasiwatoe mpaka mnunuzi apatikane. Mtoto aliyerithi kwa mama yake ile heshima ya kutoka nje ya malalo hulazimishwa kulala ndani ya haja yake, siku baada ya siku, mpaka heshima ile imfe moyoni. Kuifufua si muhali, lakini ni kazi nzito kuliko kuilinda. Kwa hiyo namwusia mtu anayetaka kilebu ayatazame malalo yake kabla ya kuitazama rangi ya manyoya na urefu wa masikio, na asimtoe kwa mama yake kabla hajatimiza majuma manane.

Sasa mfikirie amefika katika nyumba ya watu. Nyumba yenye ukumbi, vyumba vitatu, ujia na jiko, kwetu sisi ni kitu kimoja, kwa kuwa paa lake ni moja na ufunguo wake ni mmoja. Kwake ni nchi nzima. Anachokijua kuwa malalo ni kile kitambaa alichotandikiwa na hatua chache za kukizunguka. Ng'ambo ya hapo, huko nyuma ya kabati, ni nje, ni porini, ni mahali halali. Basi anapoamka, akaondoka kwa adabu juu ya kitambaa chake, akavuka sebule yote, akaenda akakojoa nyuma ya kiti cha mgeni, ametenda lile lile alilofunzwa na maumbile, na kwa hesabu yake amekwenda mbali kuliko alivyowahi kwenda. Sisi tunamwita mchafu katika saa ile ile anayotimiza usafi wake.

Tadbiri, kwa hiyo, ni kuipunguza nyumba mpaka ienee katika akili ya kilebu, kisha kumkuzia pole pole, kama maji ya bamvua yanavyoupanda ufuko. Mwanzo apewe pembe ya chumba, au kizimba ambacho upana wake unamtosha kusimama, kugeuka na kujinyoosha, wala usizidi, kwani ukizidi atalala upande huu na kukojoa upande ule. Atokapo humo awe chini ya jicho la mtu, au afungwe kamba fupi kwenye kiti cha yule anayemwangalia. Chumba anachokula, anachochezea na anacholala humo huingia katika hesabu ya malalo. Kikiisha kukaa kikavu kwa majuma kadhaa, hufunguliwa mlango wa pili, na baadaye wa tatu. Lakini kizimba kisigeuzwe jela. Kumfungia kilebu humo tangu asubuhi hata watu warudi kazini jioni ni kumtenda yale yale aliyotendwa na muuzaji wa barabarani.

Mwili wake una nyakati zake, na nyakati hizo zinajulikana. Kibofu ni kidogo, na misuli ya kukizuia haijakomaa. Kwa makadirio ya wafugaji, wakati wa mchana huweza kujizuia saa moja kwa kila mwezi wa umri wake, na saa moja juu yake, yaani wa miezi 2 muda wa saa 3, wa miezi 3 muda wa saa 4, na hicho ni kikomo cha juu, si ahadi. Usiku huhimili zaidi, kwa kuwa figo hutoa mkojo kidogo wakati wa usingizi. Hata hivyo ziko nyakati zisizokosa: anapoamka, anapokwisha kunywa, anapotulia baada ya mchezo, na anapokwisha kula, kwani chakula kikiingia tumboni huuamsha utumbo mpana, na haja kubwa hufuata aghalabu kati ya dakika 5 na 30. Mwenye kuzishika nyakati hizi, akampa chakula kwa saa maalumu badala ya kuacha bakuli limejaa kutwa, amemaliza sehemu kubwa ya kazi kabla kilebu hajajua kuwa anafundishwa.

Sehemu iliyobaki ni ya macho. Mchezo unakatika ghafula. Kilebu anaiacha kamba aliyokuwa akiivuta kana kwamba hakupata kuiona. Pua inashuka karibu iguse sakafu. Anakwenda mbio fupi fupi, anazunguka duara moja, anarudi nyuma, anazunguka jingine dogo zaidi, na mkia unanyanyuka na kukakamaa shinani. Tangu pua ishuke hata miguu ikunjike ni muda wa pumzi chache tu. Abebwe saa hiyo hiyo, kwa maana akitembezwa atakojoa njiani, apelekwe mahali pamoja pasipobadilika, ili harufu ya jana imkumbushe leo, na anayempeleka asimame kimya, asicheze naye, asimharakishe. Akiisha, si kabla, asifiwe kwa sauti laini na apewe kipande kidogo cha kutafuna, palepale alipo, si baada ya kurudi jikoni; akili yake huyaunganisha mambo yafuatanayo kwa sekunde, na dakika kwake ni umbali mkubwa. Ivan Pavlov, mtaalamu wa Kirusi aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1904 kwa kazi yake juu ya usagaji wa chakula, aliwaona mbwa wakidondokwa na mate kabla ya chakula chenyewe kufika, kwa kumwona tu mtumishi aliyezoea kuwaletea. Kilichotangulia chakula kwa karibu kilikuwa kimegeuka kuwa habari ya chakula. Ndivyo hivyo mlango wa uani unaofunguliwa, ubaridi wa mchanga wa alfajiri, na maneno yale yale machache yanayosemwa kila mara, hugeuka baada ya muda kuwa habari ya kibofu, hata ikafika siku ambayo mtu husema, "Haya, haja," na mbwa akaenda.

Pana jambo moja ambalo nisingependa kulipita, nalo ni la yule anayebebeshwa kazi hii. Katika nyumba nyingi za mijini bwana au bibi wa nyumba humleta kilebu kwa kuwafurahisha watoto, watoto humfurahia kwa siku chache, kisha mnyama huangukia mikononi mwa msichana wa kazi ambaye tayari ana sufuria motoni, nguo katika beseni na mtoto mchanga mgongoni. Na harufu ikizuka zuliani, yeye ndiye anayeulizwa. Hiyo ni dhuluma. Kumlea kilebu ni wajibu wa yule aliyemtaka. Ndiye wa kuamka kabla ya jogoo, ndiye wa kusimama uani na umande miguuni akingoja kiumbe kidogo kimalize kunusa kila jani, na kama shughuli zake hazimpi wasaa huo, basi wakati wake wa kufuga haujafika, na kungoja si aibu.

Ama kuhusu adhabu, desturi ya kumkamata kilebu shingoni na kumsugua pua katika mkojo wake ni ya zamani, nayo imeenea katika mataifa mengi. Na waitendao hushika ushahidi wa uso wake, wakisema kwamba anajua kosa alilolitenda, kwani masikio yamelala, mkia umeingia katikati ya miguu, na macho yanakimbia. Mwaka 2009 Alexandra Horowitz wa chuo cha Barnard, New York, alitangaza matokeo ya jaribio alilolifanya kwa mbwa 14. Kila mwenye mbwa alimkataza mbwa wake asile kitamu kilichowekwa mbele yake, akatoka chumbani. Nyuma yake mbwa huyu akaachiwa ale na yule akaondolewa chakula asile, na mwenyewe aliporudi aliambiwa habari ambayo mara ilikuwa kweli na mara haikuwa. Ule uso wa hatia haukulifuata kosa. Ulilifuata karipio, na waliokaripiwa ilhali hawakula kitu waliudhihirisha zaidi ya wale waliokula.

Kwa hiyo kilebu anayesuguliwa pua baada ya mkojo kupoa hasomi habari ya zulia, anasoma hasira. Anachokihifadhi ni kwamba mtu na mkojo vikikutana mahali pamoja, hatari huzuka, na kutoka hapo akili yake humwelekeza kwenye jawabu la busara kabisa, kwamba asitoe haja mbele ya mtu. Atapelekwa nje akae nusu saa akitazama miti, kisha akirudishwa ndani atapenya nyuma ya kochi ambako hapana jicho linalomwona. Watu husema ana inda, na kumbe ameshika barabara somo alilopewa. Akikutwa katika tendo lenyewe yatosha kuitwa jina lake kwa mkazo, akatizwe, abebwe akamalizie nje. Akikutwa tendo limekwisha, pafutwe, na yaishe.

Upo tena mkojo usio wa haja hata kidogo, nao huwaponza vilebu wapole kuliko wenzao wote. Baba wa nyumba anarudi jioni, sauti yake nene, viatu vyake vinagonga. Kilebu anamkimbilia kwa furaha, lakini bwana yule anapoinama juu yake na kumnyoshea mkono kichwani, mtoto hujilaza, akageuza tumbo juu, na matone ya mkojo yakamtoka. Kwa mila ya mbwa huo ni unyenyekevu wa mdogo mbele ya mkubwa, na kilebu mbele ya mbwa wazima hufanya vivyo hivyo, nao wakiisha kumnusa humwacha kwa salama. Ukimkemea kwa hilo umemjibu mnyenyekevu kwamba hajanyenyekea vya kutosha, naye atazidisha. Dawa yake ni kumsalimu ukiwa umechuchumaa ubavuni mwake, bila ya kumkazia macho, kumkuna kidevuni badala ya utosini, na ikiwezekana kuyafanyia maamkizi hayo nje. Wengi huachana na hali hiyo kadiri wanavyokua na kujiamini.

Kufuta nako kuna elimu yake, ingawa ni fupi. Mkojo ukioza hutoa amonia, na kwa sababu hiyo dawa za kusafishia zenye amonia humwambia mbwa kwamba choo ni hapo. Siki iliyochanganywa na maji hufaa zaidi, na mkeka au jamvi huanikwa juani mpaka harufu imalizike katika kila ukili, maana pua ya mbwa huikuta pale ambapo yetu imekwisha kata tamaa. Juu ya kutandika magazeti sina sifa nyingi za kusema: humfunza kilebu kwamba ndani ya nyumba pana mahali pa kukojolea, kisha huna budi umfunze kwamba hapana. Wakaao ghorofani, ambako kushuka ngazi kila baada ya saa chache hakuwezekani, ni heri wamwekee roshani sinia pana la mchanga au la majani, ili nyayo zake zishike kitu atakachokikuta nje siku atakayoshuka. Na asishushwe njiani wanakopita mbwa wasio na wenyewe kabla hajamaliza chanjo zake, kwa kuwa maradhi ya parvo hukaa udongoni muda mrefu, na vilebu wengi hufa kwayo.

Sisi watu wa mwambao tuna jambo letu katika habari hii. Kwa madhehebu ya Imam Shafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani yetu, mate ya mbwa ni najisi, na chombo alichokiramba huoshwa mara saba, moja yake kwa udongo. Imam Malik aliona vingine, lakini si kwake tulikosoma. Kwa hiyo mbwa wetu, akiwapo, hukaa uani, na wengi hudhani kwamba kwa ajili hiyo malezi ya haja hayatuhusu. Yanatuhusu mno. Ua ndipo panapoanikwa nguo, ndipo panapotwangwa na kupepetwa, ndipo watoto wanapocheza mdako, na penye ua mpana ndipo hutandikwa jamvi la kusalia magharibi yakiwa na joto. Kilebu hufunzwa pembe moja ya ua, chini ya mkungu au nyuma ya choo cha nje, kwa njia ile ile anayofunzwa wa ndani kuutambua mlango, na tena kwa wepesi zaidi, kwa kuwa mchanga ameshauzoea. Haja yake kubwa isiachwe juu ya ardhi, bali izolewe kila siku na kufukiwa mbali, kwa maana vilebu wengi huambukizwa minyoo na mama zao hata kabla ya kuzaliwa, na mayai yake yakikaa mchangani majuma mawili au zaidi hukomaa, hata mtoto achezaye hapo akitia vidole mdomoni akayameza. Dawa ya minyoo kwa kilebu ni ya bei nafuu na hupatikana. Anayeshika tohara yake ana hoja ya kumweka mbwa uani, lakini hana hoja ya kumpiga. Ile habari ya mtu aliyeteremka kisimani, akajaza kiatu chake maji ampe mbwa aliyekuwa akilamba udongo kwa kiu, akasamehewa madhambi yake, kila aliyepita chuoni aliisikia.

Malezi haya huchukua muda. Vilebu wengi hushika barabara kati ya mwezi wa nne na wa sita, wengine huuendea mwaka, na wale wa mbari ndogo ndogo aghalabu huchelewa, kwa kuwa kibofu chao ni kidogo na hatua yao ni fupi, na chumba kwao hubaki nchi kwa muda mrefu zaidi. Katikati ya safari huja siku za kurudi nyuma, mvua inaponyesha na kilebu asitake kulowana, au familia inapohamia nyumba nyingine. Hapo milango hufungwa tena kwa muda na kufunguliwa upya, bila ya hasira. Lakini mbwa aliyekwisha kuzoea kabisa, akaanza ghafula kuchuruzika mkojo alalapo, au kuchutama mara kwa mara na kutoa matone tu, huyo hakusahau alilofunzwa: yumkini ana maradhi ya kibofu au ya figo, au ni jike lililokatwa uzazi na misuli yake imelegea. Asirudishwe kwenye mafunzo, apelekwe kwa daktari wa mifugo. Na mwenyewe achukue kidogo cha mkojo wa asubuhi ndani ya chupa safi, kwani daktari atauulizia.